DADA WA NANI?
Hotuba juu ya mabinti wanaokwenda mjini kutafuta kazi

(Yafuatayo ni maneno aliyoyasema Katibu Mwenezi katika mkutano wa wanachama wa Temeke. Tumeyachapa karibu yote kwa kuwa wanachama wengi wameyaomba.)



Nimeitwa niseme juu ya maendeleo ya wanawake. Hili ni jambo ambalo kila mkutano hulitaja, tukapiga makofi, tukaenda zetu nyumbani. Leo naomba ruhusa yenu nilitazame kwa upande ambao hatupendi kuutazama. Nataka kusema juu ya binti wa nchi hii, mzawa wa nchi hii, anayetoka kwao Njombe, Iringa, Singida, Dodoma au Tabora, akapanda basi kuja Dar es Salaam kutafuta kazi. Havuki mpaka. Haombi pasi kwa mtu. Yumo ndani ya nchi yake, chini ya bendera yake. Lakini akishuka kwenye basi, huwa mgeni kuliko mgeni.

Kabla sijaendelea, kila mmoja wetu ajiulize moyoni, wala hana haja ya kunyosha mkono: Leo asubuhi nyumbani kwangu, nani aliyewasha moto? Nani aliyemwogesha mtoto? Nani aliyepiga pasi shati hili nililolivaa kuja mkutanoni? Naona kwa nyuso zenu ya kwamba wengi mmekwisha kupata jibu. Basi huyo mliyemkumbuka hayumo humu. Amebaki kulinda nyumba.

SAFARI HII SI YA LEO

Wako watu wanaosema ati wasichana wa siku hizi wameupenda mji, na ya kwamba zamani mwanamke alitulia kwao. Maneno haya hayana ukweli, na ni vizuri tuyaondoe kwanza ndipo tujenge.

Wajerumani walitoa sheria ya kodi ya nyumba mwaka 1897. Kodi ilitaka fedha, na fedha haikuota shambani. Ikambidi mwanamume aende kuitafuta. Waingereza walipokuja waliishika kodi ile ile. Ndipo wanaume wa Nyanda za Juu na wa magharibi wakawa manamba, wakasafirishwa kwenda kukata mkonge Tanga na Morogoro. Tajiri wa mkonge alipima mshahara kwa tumbo la mtu mmoja. Mke na watoto hakuwahesabu, kwa sababu alijua ya kuwa mke yuko kijijini analima. Kwa hiyo, ndugu zangu, jembe la yule mama ndilo lililomsaidia tajiri kulipa mshahara mdogo. Alifanya kazi kwa ajili ya mkonge wala hakupata kuuona mkonge.

Lakini wanawake nao walisafiri. Mjane aliyefukuzwa na ndugu wa mume, mke aliyeachwa, binti asiyetaka mume aliyechaguliwa, hao wote waliifahamu njia ya mjini. Kazi za nyumbani kwa Wazungu na Wahindi wakati ule zilikuwa za wanaume. Mpishi alikuwa mwanamume, dobi mwanamume, na yule mtu mzima mwenye ndevu waliyemwita "boi" alikuwa mwanamume. Mwanamke hakupewa nafasi hiyo. Alijitafutia mwenyewe: akapika pombe, akachoma vitumbua, akauza samaki, na aliyejaliwa akajenga kibanda akapangisha vyumba. Akina mama wa Kihaya waliotoka Bukoba katika miaka ya 1930 na 1940 walitukanwa sana, na wako wanaume wa kwao waliofanya shauri la kuwarudisha kwa nguvu. Lakini wengi walirudi kwa miguu yao wenyewe, na fedha mkononi, wakanunua mashamba ya migomba ambayo mila isingewapa.

Serikali ya kikoloni haikupenda Mwafrika kukaa mjini bila bwana wa kumwajiri. Mwaka 1944 ilitunga sheria ya kuwaondoa mijini watu wasiotakiwa. Hebu fikirini neno hilo. Mtu hatakiwi katika mji wa nchi yake!

Na chama kilipoanza, wanawake gani waliokisimamisha? TANU ilizaliwa mwezi wa Julai 1954. Bibi Titi Mohamed alipokabidhiwa uongozi wa wanawake mwaka 1955, hakwenda kugonga milango ya mabibi wa ofisini. Alikwenda katika vikundi vya ngoma na lelemama, kwa wauza maandazi na wapika pombe, wengi wao watu wazima walioachika au wajane, wenye senti zao na wasio na mume wa kuwakataza. Hao ndio waliouza kadi. Hao ndio waliojaza viwanja. Basi mtu akisimama leo akasema mwanamke anayejitafutia mjini ni mhuni, mwulizeni uhuru huu anaoutumia kusema hivyo ulichangiwa na nani.

Nami sitaficha kosa letu sisi wenyewe. Mwaka 1983, nchi ikiwa huru kwa zaidi ya miaka 20, ilitungwa sheria ya Nguvu Kazi. Mitaani hapa Dar es Salaam watu walikamatwa kwa jina la uzururaji wakapelekwa vijijini, na wanawake walikuwamo. Mkoloni alikuwa amekwisha kuondoka, lakini mawazo yake yalikuwa yamebaki vichwani mwetu.

KWA NINI ANAONDOKA

Nimepata kuzungumza na mabinti wengi katika kazi yangu ya kutembelea matawi. Hakuna hata mmoja aliyeniambia kwamba alikuja kutazama taa. Sababu zao ni tatu, nazo zimefungana.

Ya kwanza ni ardhi. Mwaka 1963, miaka miwili tu baada ya Uhuru, ziliandikwa kanuni za mila juu ya urithi. Zilimweka binti daraja la tatu, nyuma ya ndugu zake wa kiume, na mjane hazikumpa sehemu. Zilisema sehemu yake ni kutunzwa na watoto wake. Baadaye mambo yalianza kusogea. Mwaka 1990 Mahakama Kuu kule Mwanza ilikata shauri la Holaria Pastory, mama wa Kihaya aliyeuza shamba alilorithi kwa baba yake. Mpwa wake, Bernardo Ephrahim, alisema mwanamke hana ruhusa kuuza ardhi ya ukoo. Jaji Mwalusanya akasema Katiba imekataza ubaguzi, kwa hiyo mwanamke ana haki sawa na mwanamume. Kisha ikaja Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, ikatamka ya kuwa mila yoyote inayomnyima mwanamke ardhi ni batili, na ya kuwa katika Baraza la Ardhi la Kijiji lenye watu saba, watatu wawe wanawake. Sheria ni nzuri. Lakini tembeleeni vijiji. Baba akifa, kaka hugawana shamba juu ya mkeka, na binti huwa jikoni anapikia matanga. Hakuna anayemwuliza. Akijua kwamba hana kipande, afanye nini asipande basi?

Ya pili ni shule. Mpaka ada zilipoondolewa katika sekondari za serikali hadi kidato cha nne mwaka 2016, nyumba maskini ilichagua mtoto mmoja wa kusomesha, na ninyi mnajua ni yupi aliyechaguliwa. Hata baada ya ada kuondoka, sare na daftari na chakula havikuondoka.

Ya tatu ni sisi wenyewe. Ndiyo, sisi wa mjini. Mfanyakazi wa ofisi, mwalimu, mwuguzi, mwenye duka, wote tunataka mtu wa kukaa na mtoto. Tunapiga simu kijijini: "Nitafutieni binti, awe mtulivu, asiwe mjanja." Maneno hayo nimeyasikia kwa masikio yangu. Asiwe mjanja! Yaani asijue kuhesabu siku za mwezi.

Wako wanaofanya kazi nyingine. Wako wachuma chai wa Mufindi, wako katika mashamba ya maua ya Arusha, wako mama lishe, wako wahudumu wa baa, na wako akina mama wa Kimasai wanaotembeza shanga na dawa za miti mpaka pwani huku. Kila kundi lina shida zake, na siku moja nitaomba nafasi nizungumze juu yao. Lakini wale wengine tunawaona njiani na shambani, wako wengi pamoja, wanaweza kushauriana. Huyu wa nyumbani yuko peke yake nyuma ya geti. Ndiyo sababu nimemchagua yeye.

DADA YANGU

Sasa nitasema jambo ambalo si rahisi kwangu, lakini mwenyewe ameniruhusu.

Kwetu ni Njombe. Dada yangu alinizidi miaka mitatu. Alipomaliza darasa la saba mwaka 2008 alichaguliwa kwenda sekondari. Baba alisema fedha ni ya mtu mmoja, tumngoje mdogo wake wa kiume. Mdogo wake wa kiume ndiye mimi. Mwaka 2012, mwezi nilioingia kidato cha kwanza, dada alipanda basi Makambako alfajiri na baridi yake, akashuka Ubungo jioni, na mfuko mmoja wa nailoni. Kila mwezi alipokea shilingi 30,000, akanitumia 20,000 kwa simu. Kalamu yangu, viatu vyangu, michango ya shule, vyote vilitoka katika mikono yake.

Mwaka 2014 alihamia nyumba nyingine. Sitaitaja. Walipatana shilingi 35,000 kwa mwezi. Mwisho wa mwezi wa kwanza mwenye nyumba alimwambia, "Fedha yako nakutunzia, usije ukaipoteza." Mwezi wa pili vile vile. Kwangu fedha ikakatika. Nami, ndugu zangu, nilifanya nini? Nilimpigia simu kumlaumu. Nilimwambia amelewa mji amesahau nyumbani. Akanijibu kwa upole, "Vumilia mdogo wangu, mama mwenye nyumba ananitunzia."

Alitunziwa miezi 14. Alilala stoo, kati ya gunia la mchele na mtungi wa gesi. Mwezi wa 14 sahani zilivunjika, maneno yakatokea, akapewa shilingi 50,000, khanga moja na nauli. Hesabu mnaijua: 35,000 mara 14 ni 490,000. Alidhulumiwa 440,000. Na hata hiyo 35,000 ilikuwa chini ya sheria, kwa sababu Amri ya Mishahara iliyoanza Julai 2013 ilikwisha kuweka kima cha chini cha 40,000 kwa mtumishi anayelala kwa mwajiri. Mwenye nyumba yule alikuwa mtu wa kusoma. Dada yangu alikuwa mtu wa kuaminiwa tu.

Alirudi kijijini, akakaa kimya. Mama alijua, mimi sikuambiwa mpaka likizo, na hapo miezi ilikwisha kupita. Nilipofika chuo cha ualimu, nikaanza kusoma mambo ya sheria, ndipo nilipojua ya kwamba iko Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo mfanyakazi yeyote anaweza kuipelekea malalamiko, na ya kwamba siku zake zina mpaka: aliyeachishwa kazi kwa uonevu anazo siku 30, na madai mengine siku 60. Dada yangu alizimaliza siku hizo akipalilia viazi vya baba. Haki yake haikunyang'anywa na hakimu. Ilikufa kwa sababu hapakuwa na mtu wa kumwambia, hata mimi niliyesomeshwa kwa fedha yake.

Kwa hiyo nikisimama hapa mkaniita mwalimu, mjue ualimu huu una deni.

SHERIA IPO

Wengi hudhani kazi ya nyumbani haina sheria, ni mambo ya hisani. Sivyo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inamhusu mtumishi wa nyumbani kama inavyomhusu mtu wa kiwandani. Inasema saa za kawaida ni 45 kwa wiki. Inasema kila wiki apumzike saa 24 mfululizo. Inasema likizo ya mwaka ni siku 28 kwa malipo. Inasema uzazi ni siku 84. Inasema masharti ya kazi yaandikwe, na kama mfanyakazi hawezi kuyaelewa, mwajiri amweleze mpaka ayaelewe. Inasema mtoto aliye chini ya miaka 14 asiajiriwe. Na Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza mtoto kufanyishwa kazi tangu saa mbili usiku mpaka saa 12 asubuhi.

Haya, tupige hesabu kama darasani. Binti anaamka saa 11 alfajiri, analala saa nne usiku. Hizo ni saa 17. Tumtolee saa mbili za kula na kupumua, zinabaki 15. Hana Jumapili, kwa hiyo zidisha kwa siku saba: saa 105. Ondoa 45 za sheria, zinabaki 60 za ziada kila wiki. Kwa wiki nne ni 240. Na sheria inasema saa za ziada zisizidi 50 katika wiki nne, nazo zilipwe mara moja na nusu. Nani kati yetu anazilipa?

Kima cha chini nacho kimesogezwa. Katika Amri iliyoanza Januari 2023, mtumishi anayelala kwa mwajiri alipandishwa hadi shilingi 60,000, na anayelala kwake hadi 120,000. Fedha hiyo ni ndogo, wala mimi siisifu. Nasema tu kwamba ndiyo iliyokuwa sakafu ya Amri ile, na wako wanachama wenye kadi ya chama hiki wanaolipa chini ya hapo.

Duniani pia shauri hili limesemwa. Tarehe 16 Juni 2011, Shirika la Kazi Duniani lilipitisha kule Geneva mkataba wa kazi za nyumbani, ukiwa namba 189, kusema kwamba mtumishi wa nyumbani ni mfanyakazi kama wengine. Na hapa kwetu kipo chama cha wafanyakazi, CHODAWU, ambacho huandikisha wa mahotelini na wa majumbani. Kuingia katika chama cha wafanyakazi ni haki yake kwa sheria. Si utovu wa adabu.

"SISI NASI NI MASKINI"

Najua mama mmoja pale nyuma ananiona nimetia chumvi. Anasema moyoni: mwanangu, mimi ni mwuguzi, naingia zamu ya usiku, mshahara wangu unaisha tarehe 15, nikimlipa binti kama unavyotaka mimi nitakula nini? Mama, swali lako ni la haki, nami silikimbii.

Ni kweli wengi wetu si matajiri. Mwuguzi hawezi kwenda wodini asipokuwa na mtu wa kumshikia mtoto. Kwa hiyo wagonjwa wa nchi hii wanatibiwa kwa mikono miwili ya mwuguzi na mikono miwili ya binti aliye kwake jikoni. Tajiri wa mkonge alisema nini alipoulizwa kwa nini analipa senti chache? Alisema bei ya mkonge ni ndogo. Sisi hatukulikubali jibu lile. Tulisema kama biashara yako haiwezi kumlisha mfanyakazi, tafuta njia nyingine ya kuiendesha. Basi nasi tutafute njia nyingine.

Njia ipo, na si ngeni. Umoja wa Wanawake wa Tanganyika ulioundwa mwaka 1962 ulijishughulisha na vituo vya kulelea watoto wadogo mchana, mama aende kazini akiwa na amani. Nyumba kumi zikichanga, zinaweza kuajiri walezi wawili kwa mshahara wa haki, mchana tu, wakarudi kwao jioni. Hapo binti anakuwa mfanyakazi mwenye saa zake, mama anakuwa na mahali pa kuweka mtoto, na mtoto anakuwa na wenzake wa kucheza nao. Tawi hili lina ukumbi ambao tangu Jumatatu mpaka Ijumaa umefungwa kwa kufuli. Nauliza: kufuli lile linalinda nini?

Na yako mambo ambayo hayahitaji hata senti. Kumwita kwa jina lake hakugharimu. Kumwachia simu yake mwenyewe hakugharimu. Kumpa godoro na mlango unaofungwa kwa ndani si gharama ya kumfilisi mtu. Mlango huo nautaja kwa makusudi, wazee wangu mnanielewa. Wako mabinti waliorudishwa kijijini na mimba, na mwenye mimba amebaki sebuleni anasoma gazeti.

TUFANYE NINI

Mkutano bila azimio ni ngoma bila mchezaji. Ninaleta mbele yenu mambo matano, myajadili, mkiyakataa myakatae mchana kweupe.

Kwanza, tawi lifungue daftari. Kila mwanachama aliyeajiri mtumishi wa nyumbani aandikishe: jina lake, kwao wapi, umri, mshahara, na siku yake ya mapumziko. Viongozi waanze. Mimi nitakuwa wa kwanza kuandika, na Ndugu Mwenyekiti ameniahidi atakuwa wa pili.

Pili, mshahara uingie mikononi mwake au katika simu yake kila mwezi. Neno "nakutunzia" tulipige marufuku katika tawi hili. Anayetaka kumsaidia kuweka akiba amfundishe kufungua akaunti yenye jina lake mwenyewe.

Tatu, siku ya mapumziko iwe ya kweli, na ukumbi huu ufunguliwe siku hiyo. Tuwe na masomo ya jioni, kusoma, kuandika, hesabu na sheria. Mimi ni mwalimu. Sitaki malipo kwa kazi hiyo, nimekwisha kulipwa tangu zamani.

Nne, tuandikiane na matawi ya huko wanakotoka. Binti asipande basi bila kijiji kujua anakwenda kwa nani. Tangu mwaka 2021 mabasi ya bara yanafikia Mbezi Louis. Vijana wa chama wawe pale kwa zamu, si kwa kumzuia mtu kuingia mjini, maana mji ni wake, bali kwa kumpa namba ya simu ya tawi na kumkinga na dalali anayemgojea na teksi.

Tano, na hili ni la wenzetu wa vijijini watakaosoma maneno haya gazetini: mtakapogawana shamba la marehemu, mwiteni binti kutoka jikoni. Akipata kipande chake, atakuja mjini kwa kupenda au atabaki kwa kupenda. Leo haji kwa kupenda wala habaki kwa kupenda.

Namalizia. Sisi hapa mjini tuna neno zuri. Zamani tulisema yaya, wengine wanasema hausigeli, vijana wenye utani wanasema beki tatu, lakini mbele ya wageni sote tunasema "dada". "Dada, lete maji. Dada, mtoto analia. Dada, funga geti." Neno hili ni la heshima kubwa katika lugha yetu. Dada ni mtu ambaye akionewa, kaka zake husimama. Basi ninapolisikia huwa najiuliza: huyu ni dada wa nani?

Dada yangu mimi hivi sasa yuko Makambako. Ana banda la chakula lake mwenyewe, madereva wanalijua, na ameajiri binti mmoja. Mwezi uliopita nilipita kumsalimu. Nikamkuta amekaa mezani na binti yule na daftari la shule katikati yao, wanaandika tarehe na kiasi, kisha kila mmoja anatia sahihi. Nikamwuliza, hii ni nini? Akanijibu, "Sitaki mtu aseme nilimtunzia."

Ndugu zangu, daftari lile lilinunuliwa shilingi mia chache. Sisi wenye ukumbi, wenye bendera na wenye viongozi wa kila cheo, tutashindwaje kununua la kwetu? Nimelileta hapa mezani, halijaandikwa kitu. Naomba tufungue ukurasa wa kwanza.

Uhuru na Umoja!